Tiba ya Viungo na Utulivu wa Moyo: Mfano wa Ufipa

Nyanda za juu za Ufipa zimekaa kati ya maziwa mawili, Tanganyika upande wa magharibi na Rukwa upande wa mashariki. Mji wa Sumbawanga, makao makuu ya Mkoa wa Rukwa, uko zaidi ya mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na mgeni atokaye pwani hulitambua jambo hilo usiku wa kwanza wa mwezi Julai bila kuambiwa na mtu. Ni nchi ya mahindi, ulezi, maharage na ng'ombe, na imesifika tangu zamani kwa namna yake ya kulima. Mvua zikikaribia kwisha, mkulima wa Kifipa huyapindua majani pamoja na udongo wake na kuyafukia katika matuta ya mviringo yaitwayo ntumba, ili yaoze humo. Msimu unaofuata matuta hayo hubomolewa, na udongo uliokwisha kurutubika hutandazwa shambani. Mabwana shamba wameusifu utaratibu huu kwa kuwa hurudisha rutuba bila gharama ya fedha. Machache yamesemwa juu ya mgongo wa mtu anayeufuata.

Hata pale ambapo jembe la kukokotwa na ng'ombe limeingia, kazi nyingi bado hufanywa kwa kuinama: kupalilia, kuvuna maharage, kuteka maji, kuokota kuni. Katika miaka ya 1960 mtaalamu wa Kiswidi, Alf Nachemson, alipima shinikizo lililomo ndani ya visahani vya gegedu vilivyo kati ya pingili za uti wa mgongo. Alikuta kwamba, tukichukua shinikizo la mtu aliyesimama wima kuwa ni 100, basi la mtu aliyelala chali ni 25 hivi, na la mtu aliyeinama mbele ni kama 150. Vipimo hivyo vilienea upesi katika vitabu vya shule za uganga, na wengi wakahitimisha kwamba maumivu ya mgongo ni habari ya mizigo tu: gegedu limebanwa, limechakaa, linauma, kama vile bawabu ya mlango inavyolika kwa kufunguliwa mara nyingi.

Laiti mambo yangekuwa mepesi hivyo! Mwaka 1994 madaktari wa Marekani waliwapiga picha za ndani ya mgongo watu 98 ambao hawakuwa na maumivu yoyote. Ni asilimia 36 tu kati yao waliokutwa na visahani visivyo na kasoro hata kimoja. Zaidi ya nusu walikuwa na angalau kisahani kimoja kilichotuna, nao walikuwa wakienda kazini na kulala usingizi wao kama kawaida. Kwa upande wa pili, kila mhudumu wa afya amewahi kumwona mgonjwa anayeteseka kwa maumivu ya mgongo, ambaye vipimo vyake vyote havionyeshi kitu. Mgonjwa wa namna hii huambiwa, na mara nyingine na jamaa zake mwenyewe, kwamba anajisingizia. Tusiwe wepesi wa kusema hivyo, kwa sababu elimu ya kisasa haikubaliani nasi.

Maumivu ni nini?

Chama cha kimataifa cha wataalamu wa maumivu kilitoa maelezo yake rasmi mwaka 1979, kikayarekebisha mwaka 2020. Katika maelezo yote mawili maumivu yanatajwa kuwa ni jambo la mwili na la hisia za moyo kwa pamoja. Halikusemwa kwamba maumivu huanza mwilini kisha yakauhuzunisha moyo. Imesemwa kwamba tangu mwanzo ni kitu kimoja chenye pande mbili.

Jinsi jambo hili linavyowezekana ilianza kueleweka mwaka 1965, pale Ronald Melzack wa Kanada na Patrick Wall wa Uingereza walipotangaza nadharia yao ya lango. Walisema kwamba habari za maumivu zinazotoka mguuni au mgongoni haziendi moja kwa moja hadi kwenye ubongo kama maji katika bomba. Zikifika kwenye ugwe ulio ndani ya uti wa mgongo hupita mahali panapofanana na lango, na lango hilo laweza kufunguliwa au kufungwa nusu. Mguso wa kawaida hulifunga kidogo. Ndiyo sababu mtoto aliyejigonga goti hulisugua hata kabla hajafundishwa na mtu. Nao ubongo wenyewe hutuma amri kutoka juu. Hofu, wasiwasi na huzuni hulipanua lango, na utulivu na matumaini hulibana. Sehemu kadhaa za nadharia hiyo zimerekebishwa baadaye, lakini msingi wake, kwamba ubongo una sauti katika maumivu, haujatenguliwa.

Hebu tuchukue mfano wa kubuni. Mkulima wa miaka arobaini, katika kijiji kimojawapo cha wilaya ya Nkasi, anashikwa na maumivu ya kiuno akiwa shambani. Anaambiwa, kwa nia njema, alale asifanye kazi. Baada ya wiki tatu misuli ya mgongo imelegea, na kila anapojaribu kuinama anasikia uchungu, naye anaufasiri uchungu huo kuwa ni dalili ya kuvunjika kwa kitu ndani yake. Anaogopa, kwa kuwa anaogopa hajongei, na kwa kuwa hajongei misuli inazidi kulegea. Wataalamu wameufuatilia mduara huu wa hofu na kukwepa tangu mwishoni mwa karne ya ishirini, na wameona kwamba mara nyingi hofu ya maumivu humlemaza mtu kuliko maumivu yenyewe.

Mduara huo hauishii mwilini mwa mkulima wetu. Mkewe sasa analima peke yake. Zamu ya kusaidiana na majirani imefika, naye hawezi kwenda, basi hawezi kudai msaada wa watu hao kwa moyo mweupe. Pombe ya kazi inanywewa yeye hayupo. Roy Willis, mtaalamu wa elimu ya mila aliyeishi na Wafipa katika miaka ya 1960, aliandika kwamba katika fikra zao kichwa huhusishwa na akili na mamlaka, nacho kiuno huhusishwa na nguvu na uzazi. Hata asiyeijua lugha ya Kifipa atafahamu kwa nini mwanamume anayeumwa kiuno husita kueleza kinagaubaga ni wapi panapomwuma, na kwa nini ukimya unaweza kuingia chumbani mwa watu waliokaa kwa amani miaka kumi na mitano. Mke hudhani amekataliwa, na mume hudhani anadharauliwa. Hakuna picha ya mgongo itakayoonyesha jambo hilo, ijapokuwa lina sehemu katika maumivu yake.

Hapa ndipo tiba ya viungo, ambayo hospitalini huitwa fiziotherapia, inapoingia. Fani hii ni changa kiasi. Chuo cha mazoezi ya mwili cha Per Henrik Ling kilianzishwa Stockholm mwaka 1813, na chama cha kwanza cha wakandaji waliofunzwa cha Uingereza kiliundwa na wauguzi wanne mwaka 1894. Vita vya kwanza vya dunia na magonjwa ya kupooza kwa watoto ndivyo vilivyoikuza. Kwa muda mrefu watu walidhani ni kazi ya kukanda na kunyoosha. Leo mtaalamu mwema wa tiba ya viungo huanza kwa kusikiliza. Kisha humweleza mgonjwa kwamba uchungu na madhara si kitu kimoja, humwonyesha namna ya kuinama tena kidogo kidogo, na humpa zoezi dogo ambalo ana hakika kwamba ataliweza. Zoezi hilo la kwanza huimarisha misuli kwa kiasi kidogo sana. Faida yake kubwa ni kwamba ubongo hupokea habari mpya: nimeinama, na sikuvunjika.

Mwaka 1995 watafiti wa Finland waliwagawa wafanyakazi 186 wa mji wa Helsinki walioshikwa na maumivu ya mgongo katika makundi matatu. Kundi la kwanza lililazwa kitandani siku mbili, la pili likapewa mazoezi maalumu ya mgongo, na la tatu likaambiwa liendelee na shughuli zake kadiri maumivu yalivyoruhusu. Waliopona upesi zaidi ni wale wa kundi la tatu. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2023 juu ya maumivu sugu ya kiuno, limependekeza elimu kwa mgonjwa, mazoezi, ukandaji na tiba ya mazungumzo, na limeshauri mikanda ya kiuno na mashine za kuvuta mgongo zisitumiwe kwa desturi. Mikanda hiyo ingali ikiuzwa kwa wingi.

Kiharusi, na lawama baada yake

Kama maumivu ya mgongo huuweka uhusiano wa watu katika majaribu, kiharusi huweza kuuvunja. Mshipa wa damu wa ubongo ukiziba au ukipasuka, chembe za sehemu hiyo huanza kufa katika muda wa dakika chache. Kwa kuwa mishipa ya fahamu hupishana, madhara ya upande wa kushoto wa ubongo huonekana mkono na mguu wa kulia. Utafiti uliofanywa Tanzania kati ya mwaka 2003 na 2006, na kuchapishwa mwaka 2010, ulikuta kwamba wilayani Hai watu wapatao 108 katika kila 100,000 hupatwa na kiharusi cha kwanza kwa mwaka, na Dar es Salaam watu 316, baada ya tofauti za umri kusawazishwa. Idadi hiyo ya Dar es Salaam ni miongoni mwa kubwa zilizopata kuandikwa duniani.

Mwenyeji wa Sumbawanga ataniuliza: Je, ugonjwa unaomwangusha mtu ghafula na kumnyima nusu ya mwili, si umetumwa? Wenyeji hueleza kwamba jina la mji wao maana yake ni "tupa uchawi", na watu wa mikoa mingine hupenda kulitania jina hilo kwa namna isiyopendeza. Kwa hiyo ni vema kuutaja utafiti mmoja wa Gerry Mshana na wenzake, uliochapishwa mwaka 2008. Waliwauliza watu wa Dar es Salaam na wa Hai vijijini juu ya chanzo cha kiharusi. Wengi tungelitazamia kwamba vijijini ndiko watu wangetaja mashetani na ulozi. Ilikuwa kinyume: ni wa mjini waliotaja zaidi majini na uchawi, na wa vijijini wakataja shinikizo la damu, vyakula vya mafuta na mawazo mengi. Basi tusiwacheke watu wa bara.

Lakini imani hiyo, popote ilipo, ina athari ambayo mwalimu wa sayansi hapaswi kuipuuza. Anayeshutumiwa kumroga mgonjwa huwa ni mtu wa karibu, kama vile jirani, shangazi, mke mwenza au mzee wa ukoo. Hao ndio wale wale ambao mikono yao ingehitajika kumwinua mgonjwa, kumgeuza kitandani na kumtembeza uani. Lawama moja huweza kumwondolea mgonjwa wasaidizi watatu. Naye mgonjwa mwenyewe ana mzigo wake. Tafiti nyingi za nchi mbalimbali zimeonyesha kwamba karibu theluthi moja ya watu walionusurika na kiharusi hupatwa na sonona, yaani huzuni ya kudumu inayomwondolea mtu hamu ya chakula, ya maongezi na ya kuishi. Mwenye sonona hafanyi mazoezi, na asiyefanya mazoezi hapati nafuu ya kumtia moyo.

Iko pia hatari itokanayo na upendo. Desturi zetu zinatufundisha kwamba mgonjwa hatumishwi. Binti humlisha baba yake kwa kijiko, mke humvalisha mumewe shati, mjukuu hukimbilia kikombe kabla babu hajanyosha mkono. Wote wanatenda utu. Hata hivyo ubongo hujifunza kutokana na kile unachotakiwa kufanya. Mtaalamu wa Marekani Edward Taub aligundua kwamba kiungo kilichodhoofika, kisipotumiwa kwa muda, huingia katika mazoea ya kutotumika, hata kama mishipa yake ya fahamu imeanza kurudi. Katika majaribio yaliyochapishwa mwaka 2006, wagonjwa 222 waliopatwa na kiharusi miezi mitatu hadi tisa iliyotangulia walishirikishwa. Nusu yao walivishwa glavu nene katika mkono mzima kwa muda wa wiki mbili, karibu saa zote walizokuwa macho, ili mkono mnyonge ulazimike kufanya kazi, na walizoezwa kila siku. Mikono yao minyonge ilipata nafuu kuliko ya wale waliohudumiwa kwa njia ya kawaida, na nafuu hiyo ilikuwa bado ipo baada ya mwaka mmoja.

Ni vigumu kumweleza mama wa makamo wa Sumbawanga kwamba njia ya kumsaidia mumewe ni kukaa kando na kumtazama akimwaga uji. Atasema, na kwa haki, "Watu wataniona sina huruma." Kwa hiyo mtaalamu hana budi kumwita yeye pamoja na mama mkwe na mawifi, na kuwaeleza wote kwa wakati mmoja, ili asije akashtakiwa ukatili katika baraza la ukoo. Kikao cha namna hiyo kina haki ya kuhesabiwa kuwa tiba. Katika kikao hicho hicho waelezwe pia jambo moja lisilosubiri: mgonjwa asiinuliwe kwa kuvutwa mkono uliopooza. Misuli inayoshika bega imelegea, na bega huweza kuteguka kwa mvuto mmoja tu. Ashikwe kiunoni au kwapani upande ulio mzima, aegemezwe, kisha ainuke.

Mkono wa mwenzio

Kwa nini kushikwa na mtu mwingine hututuliza? Katika ngozi yenye vinyweleo, kwa mfano ya mgongo wa mkono, kuna nyuzi nyembamba za fahamu zinazopeleka habari polepole sana. Watafiti wa Uswidi, kwa kutumia sindano laini mno za kusikiliza umeme wa mishipa ya fahamu, walitangaza mwaka 2009 kwamba nyuzi hizo huitika vizuri zaidi zinapopapaswa kwa mwendo wa sentimeta 1 hadi 10 kwa nukta. Mwendo wa haraka zaidi, au wa polepole zaidi, huziamsha kidogo. Walimu wa Biolojia wanaweza kulijaribu jambo hili darasani kwa rula, saa na brashi laini: mwanafunzi afumbe macho, mwenzake waliyeridhiana ampitishe brashi juu ya kigasha kwa mwendo wa sentimeta 3, kisha wa sentimeta 30 kwa nukta, na aseme ni upi uliompendeza. Majibu ya darasa zima yakichorwa kwenye grafu yatatoa somo zuri la saa moja. Kisha wanafunzi watazame mama anavyompapasa mtoto anayelia.

Mwaka 2006 James Coan na wenzake wa Marekani walifanya jaribio lingine. Wanawake 16 walioolewa waliwekwa katika mashine ya kupiga picha za utendaji wa ubongo na kuambiwa kwamba huenda wakapigwa shoti ndogo ya umeme. Kila mmoja alijaribiwa akiwa ameshika mkono wa mumewe, kisha wa mtu asiyemjua, kisha bila kushika mkono wowote. Sehemu za ubongo zinazoitikia hatari zilitulia zaidi aliposhika mkono wa mumewe. Tena, kadiri mke alivyosema kwamba ndoa yao ni njema, ndivyo utulivu huo ulivyozidi. Watu 16 ni wachache, na jaribio moja halijengi elimu nzima. Lakini linatupa fununu ya sababu ya zoezi lile lile kumshinda mgonjwa katika nyumba yenye ugomvi na kumfaa katika nyumba yenye mapatano.

Baada ya kusema hayo, huenda msomaji akahitimisha kwamba jamaa wakifundishwa vizuri, basi wataalamu hawahitajiki sana. Serikali zenye bajeti finyu hulipenda wazo hilo. Limejaribiwa. Nchini India wagonjwa 1,250 wa kiharusi kutoka hospitali 14 waligawanywa: nusu yao jamaa zao walifundishwa kuwapa mazoezi nyumbani, na nusu walipata huduma za kawaida. Matokeo yalichapishwa mwaka 2017. Baada ya miezi sita, asilimia 47 ya kila kundi walikuwa wamefariki au wanategemea watu wengine. Hapakuwa na tofauti. Jamaa anaweza kuibomoa kazi ya mtaalamu, na anaweza kuitegemeza isianguke, lakini hakuna ushahidi kwamba anaweza kushika nafasi yake.

Na wataalamu ni haba. Shirika la Afya Duniani limekadiria kwamba watu bilioni 2.4 duniani wana hali ambayo ingefaidika na huduma za kurejesha uwezo wa mwili, na kwamba katika nchi nyingi zenye kipato cha chini na cha kati wataalamu wa huduma hizo hawafiki 10 kwa kila watu milioni moja. Mkoa wa Rukwa ulihesabiwa kuwa na watu zaidi ya milioni moja na nusu katika sensa ya mwaka 2022. Watanzania wamekuwa wakifundishwa fani hii kwa miongo kadhaa huko Moshi, katika hospitali ya KCMC iliyofunguliwa mwaka 1971, na mafundi wa viungo bandia hufundishwa mji huo huo katika chuo cha TATCOT kilichoanzishwa mwaka 1981. Kutoka Sumbawanga hadi Moshi ni safari ya zaidi ya kilomita elfu moja kwa barabara, na kijana aliyekwenda huko hashawishiki kwa urahisi kurudi kwenye baridi ya Ufipa.

Mwanafunzi anayefikiria kazi hii ajizatiti katika Biolojia, Kemia na Fizikia. Hiyo ya mwisho wengi huiogopa, ingawa nyenzo na egemeo anazozisoma kidato cha pili ndizo atakazozitumia kila siku kwenye goti na bega la mgonjwa. Kama ni mzaliwa wa Rukwa, asiiache lugha ya bibi yake. Kiharusi huweza kumwondolea mtu maneno, na kwa mwenye lugha mbili hutokea mara nyingine kwamba lugha moja hurudi kabla ya nyingine. Mzee ambaye haitiki akiambiwa kwa Kiswahili "inua mguu" huenda akauinua akiambiwa kwa Kifipa.